Mwaloni Uliolala

Saa kumi na moja alfajiri tuko langoni,
watu saba, na mbu wasio na idadi.
Bazyli, kiongozi wetu, anakagua viatu kwanza, tiketi baadaye.
"Njia ni moja. Ukichuma uyoga, umeiba.
Ukiokota ukuni, umeiba.
Mkitaka kuondoka na kitu, ondokeni na pumzi."
Naye akavuta ya kwake, polepole,
kama mtu anayeonja mchuzi wa jirani.

Nimemleta babu yangu, Zenobiusz,
miaka thelathini na mmoja kiwandani, akipasua mbao.
Kidole cha shahada cha kushoto alikiacha huko, kwenye msumeno.
Alipoiona bei ya tiketi alicheka hadi akakohoa:
"Mimi walikuwa wakinilipa kuingia msituni."
Lakini upande huu wa uzio hakuwahi kuukanyaga.
Miti ya huku haikukatwa. Aliisikia tu,
kama unavyosikia habari za ukoo wa kitajiri.

Mume na mke kutoka Łódź wamekuja kwa ajili ya nyati,
wale wenye ndevu na nundu ya manyoya.
Kamera yao ina mdomo mrefu kuliko wa korongo.
Hadi saa mbili wameambulia
nywele za kahawia zilizonasa kwenye gome la msonobari
na kinyesi ambacho bado kinatoa mvuke.
Mke anapiga picha kinyesi.
Mume anatazama saa.

Huku kigogota anagonga, ananyamaza, anagonga,
fundi asiyeamini kipimo chake.

Kisha njia inapinda, na mbele yetu kuna ukuta.
Ukuta wa kijani, una manyoya, unanuka pishi la viazi.
"Huyu amelala," anasema Bazyli.
Amelala, kasema. Si umelala.
"Alianguka mwaka niliooa. Ameishi karne nne na ushei,
na kufa kwenyewe kutamchukua miaka mia nyingine.
Tusimharakishe."

Babu hasikii. Babu anahesabu.
Anatembea ubavuni mwa gogo, hatua ndefu za kazini,
midomo ikicheza kama anayesali:
"Kubiki kumi na mbili. Toa ganda, toa uozo…
Milango sitini."
Anafika kwenye mizizi, anageuka.
"Au majeneza arobaini."

Watu wakacheka kidogo, kisha wakaacha.

Nilitaka kumshika mkono, nikaona haya.
Bazyli ndiye aliyemsogelea.
Hakumhutubia. Alimwonyesha tundu, upana wa sahani,
akasema, "Tia mkono, mzee."

Babu akautia ule wa vidole vinne, hadi kwenye kiwiko.
Akautuliza humo, kama mkunga.
Fukusi akatokea, akapanda mkono wa shati, akarudi.
Juu ya mgongo wa gogo miche ilikuwa imejipanga,
sitini? mia? mifupi kuliko kijiti cha kiberiti,
kila mmoja na majani yake mawili, umesimama juu ya marehemu
bila kuomba radhi.

"Kuna joto," babu akasema.
Halafu, kwa sauti ya kumwambia mtu mmoja tu,
na sijui kama mtu huyo alikuwa mimi:
"Sisi tuliwatoa kabla hawajalala."

Nyati hatukumwona.
Yule mume alidai nusu ya nauli, Bazyli akampa tufaha.

Ndani ya basi babu alisinzia, kinywa wazi,
mguu wa suruali umekunjwa kwa mtindo wa zamani.
Nikainama kuufuta tope.
Mikunjoni kulijaa unga mwekundu wa mwaloni,
kiasi cha kujaza kijiko.

"Babu, umeiba," nikamnong'oneza.
Hakufumbua macho.
Alifunika mkunjo kwa kiganja,
pale palipokosa kidole pakabaki mwanya,
na katika mwanya huo kitu kidogo, cheusi, chenye miguu,
kilikuwa kinatazama nje
mashamba yakipita.